Nyimbo 12, dakika 13, na ile moja yenye lafudhi

Jumapili ya tarehe 12 Februari 2023 nilikuwa kazini. Niko Phoenix, Marekani, kazi yangu ni kumtunza mzee mmoja nyumbani kwake: dawa, chakula, kuoga, na maneno mengi ya kupiga soga. Super Bowl, fainali ya mpira wa Kimarekani ambayo safari hiyo Rihanna ndiye aliyeimba mapumzikoni, ilikuwa Glendale, hapa hapa jirani, ila kwa bei za tiketi zile mimi niliiona kwenye runinga kama mdogo wangu aliyekuwa Tanga. Yeye tu ndiye aliyelazimika kuamka alfajiri.

Babu ni mzaliwa wa Philadelphia, damu yake Eagles, timu ya huko. Walipoingia mapumzikoni wanaongoza 24 kwa 14, akadai soda aliyokatazwa na daktari. Nikammiminia nusu glasi. Siku ya furaha hiyo.

Ndipo akatokea Rihanna, kavaa nyekundu juu mpaka chini, kwenye jukwaa linaloning'inia hewani, na tumbo la mimba ya pili halijifichi.

Wiki ile alikuwa ameshawaambia waandishi wa habari kwamba orodha ya nyimbo imepanguliwa na kupangwa mpaka wamefika toleo la 39. Nilimwelewa. Aliyewahi kusimama karibu na DJ kwenye harusi za kwetu anajua: bibi harusi anataka hili, mashangazi wanataka taarabu, vijana singeli, na ukumbi una saa yake ya kufungwa. Rihanna alikuwa na dakika 13 tu. Akapitisha nyimbo 12, kila moja kionjo: ubeti kidogo, kiitikio, twende.

Alianza na ule wa kudai pesa, ambao jina lake siliandiki kwa kuwa mama anasoma hapa. Nilicheka peke yangu, maana NFL, ligi ya mpira huo, haiwalipi wasanii wa mapumziko ada ya kutumbuiza. Inabeba gharama za maandalizi, basi. Mdai kaja kudai mahali pasipolipa!

Hakuleta mgeni hata mmoja. Hata Run This Town, ambao ni wimbo wa Jay-Z, na All of the Lights wa Kanye West, alichukua vipande vyake akawaacha wenyewe nyumbani. Na nyimbo za kulia akaziweka kando. Stay haikusikika. Saa kumi na nusu alfajiri ya Tanga simu yangu ikalia: “Dada, Man Down iko wapi?” Haikuwepo. Hata Pon de Replay ya mwaka 2005, iliyomtoa Barbados na kumtambulisha kwa dunia, haikuwepo. Hilo la Pon de Replay sijamsamehe mpaka leo.

Lakini Work aliibakiza.

Wimbo huo ulipotoka mwaka 2016, watu wengi Marekani waliudhihaki: ati anabwabwaja, maneno hayana herufi za mwisho. Kumbe ni Kiingereza cha visiwa vya Karibea, kile cha nyumbani kwao. Ulikaa namba moja kwenye chati ya Billboard wiki tisa hivyo hivyo bila kunyooshwa. Sasa yuko mbele ya Marekani nzima, anaweza kuuruka na asiulizwe na mtu, na anauimba vilevile.

Babu akanigeukia. “Anasema nini?”

Swali hilo nalijua vizuri. Naulizwa mimi dukani, naulizwa kwenye simu ninapotaja jina langu, na mwezi wa kwanza babu mwenyewe aliniuliza kila nilipofungua mdomo. Mahali nilipofanya kazi kabla ya hapa, msimamizi alinitaka nirudie kila sentensi mara mbili mbele ya wenzangu, nikaishia kuongea kwa vidole.

“Anasema kazi, babu. Kazi, kazi, kazi.”

“Ahaa,” akasema, kisha akaanza kutikisa kichwa, nje kabisa ya mdundo.

Umbrella ilipopigwa tuliimba wote wawili. Mwavuli, kwenye jangwa hili lisilojua mvua. Akamalizia na Diamonds, jukwaa likimpandisha juu, mimi huku naokota vidonge vya saa moja.

Kipindi cha pili Eagles wakafungwa, 38 kwa 35. Babu alikataa chakula cha usiku. Akasema ni ile soda.