Siku Moja Maishani Mwangu: Kamera, Mwani na Maji ya Bamvua

Saa kumi alfajiri ninafunga begi: kamera moja, maikrofoni mbili, betri nne na kitambaa kikavu, kwa kuwa chumvi ya bahari huila kamera upesi kuliko vumbi. Wanaotazama filamu zangu za hali halisi hudhani kuna kikosi kizima, kumbe mpiga picha, mnasa sauti, mhariri na mfasiri ni mtu mmoja, na harusi ninazorekodi mwisho wa wiki ndizo zinazolipia betri hizo.

Saa kumi na mbili nimo ndani ya daladala ya Jambiani, kijiji cha pwani ya mashariki ya Zanzibar. Ni siku za bamvua, maji yanapojaa na kupwa kuliko kawaida. Maji hupwa mbali karibu na saa nne, na katika saa hizo chache ndipo akina mama wanapoweza kuyafikia mashamba yao ya mwani.

Saa tatu u nusu maji yananifika magotini. Shangazi ninayemfuata tangu msimu uliopita anashika kijitawi cha mwani, anakizungushia taitai, yaani kikamba chembamba cha kufungia mwani, anakaza fundo kwa kidole gumba bila kulitazama, kisha anahamia fundo linalofuata. Upepo wa kusi unanguruma ndani ya maikrofoni, kwa hiyo mazungumzo tunayarudia baadaye nyuma ya ukuta wa mawe. Kilimo hiki kilianza kibiashara Zanzibar mwaka 1989, na wakulima wengi ni wanawake. "Mwanangu," ananiambia, "maji yamekuwa moto, ile kotonii haikai tena." Kotonii ndiyo aina ya mwani yenye bei nzuri, na ndiyo inayokufa bahari inapopata joto.

Saa nane mchana, nikiwa bado na mchanga miguuni, mteja aliyeagiza filamu hii ya dakika 12 ananipigia simu. Ameona sehemu niliyomtumia juzi na hakuridhika. Anauliza kwa nini shangazi amevaa kanga mpya, kwa nini anacheka, na kwa nini analalamikia bei anayolipwa na wanunuzi. Anataka nimrekodi upya akiwa amekaa chini, kimya, na chini yake niweke muziki wa huzuni, kwa sababu watazamaji, anasema, wanataka kuona shida. Ninamweleza kwamba kanga ile aliichagua mwenyewe kwa kuwa alijua atarekodiwa, na kwamba suala la bei ndilo alilonisisitizia nisilisahau. Mazungumzo yanachukua saa nzima na zaidi. Ananikumbusha kuwa nusu ya malipo bado iko kwake, na hilo linaniuma kwa sababu kodi ya nyumba inakaribia. Hata hivyo ninamwambia muziki nitaweka, lakini maneno ya shangazi siyakati.

Jioni nimerudi mjini. Ninanakili picha kwenye diski mbili, umeme unakatika, ninasubiri, unarudi. Mgongo unauma. Sijui tena ni saa ngapi ninapokwama kwenye tafsiri ya "haikai": je, mwani unakufa, unaoza, au unakatika kambani? Ninampigia shangazi. Anasema unageuka mweupe kwanza, kisha unakatika vipande na kuchukuliwa na maji. Ninaandika hivyo hivyo. Kabla ya kukata simu ananiambia kesho maji yatachelewa kupwa, basi nisije mapema kama leo.