Nilikwenda Timau Kupiga Picha Giza

Konda alinitoza nauli ya viti viwili, kimoja changu na kimoja cha begi la kamera. Sikubishana. Nilikuwa nimetoka Mombasa kwa treni ya saa nne usiku, nikaingia Nairobi alfajiri, na usingizi ulikuwa umenishinda nguvu. Hadi Nanyuki tulisimamishwa ghafla mara tatu, na kila breki mwanafunzi aliyesimama karibu na mlango alitupwa mbele, gari likibaki nyuma yake. Kumbuka huyo mwanafunzi.

Nanyuki nilipita kibao cha Ikweta. Vijana walikuwa wanawaonyesha watalii maji yakizunguka kwenye beseni, kushoto huku, kulia kule. Ni kiini macho tu, lakini wanakiigiza vizuri. Kisha gari jingine hadi Timau, kwa ami yangu aliyestaafu, mwenye ng'ombe watatu na uwanja usio na taa hata moja upande wa kaskazini.

"Shikamoo, Ami."

"Marahaba. Basi mwanangu, umetoka Mombasa kuja kupiga picha giza?"

Alikuwa karibu na ukweli. Nilichokifuata kinaitwa Sh2-216, nambari 216 katika orodha ya mawingu 313 ya gesi aliyoichapisha mwanaastronomia Stewart Sharpless mwaka 1959. Ilichukua hadi miaka ya 1980 kutambuliwa kuwa ni nebula ya sayari. Jina hilo linapotosha, sayari haimo kabisa; mwanaastronomia wa kale William Herschel ndiye aliyeona viduara kama hivyo vikimkumbusha sayari, na jina likakwama. Ni gesi iliyotemwa na nyota iliyozeeka, nyota ya aina ya Jua letu. Kiini kinachobaki ni kibete cheupe, ukubwa wake kama Dunia, uzito wake zaidi ya nusu ya Jua.

Sh2-216 ni ya karibu mno, kama miaka ya nuru 420. Mwanga nilioufuata uliondoka huko Fort Jesus ikiwa bado mpya. Angani imetanda upana wa miezi mipevu mitatu, na bado jicho haliioni. Imezeeka mamia ya maelfu ya miaka, gesi imesambaa ikawa nyepesi mno.

Saa mbili usiku nikaanza kuhangaika. Mashine inayoifuatisha kamera na nyota lazima mhimili wake uelekee ncha ya kaskazini ya anga, na Timau ncha hiyo imelala kwenye upeo, nyuma ya vichaka. Kitako kilichokuja na mashine hakishuki mpaka nyuzi sifuri. Fundi seremala wa Majengo alikuwa amenichongea kabari ya mvule. Nikailaza kwa pimamaji na dira. Kilimia ilikuwa juu angani, nyota ya Capella kaskazini inameta. Nikahesabu nyuzi sita hivi magharibi yake, nikafungua lenzi yenye kichujio kinachopitisha mwanga mwekundu wa haidrojeni peke yake.

Picha ya kwanza, dakika tatu: nyota tupu. Ya kumi: ukungu. Umande ulikuwa umeifunika lenzi nami nikichezea simu! Ami akaingia jikoni, akapasha mchele kwenye kikaango, akaumimina ndani ya soksi ya sufu na kuifunga lenzini kwa mpira. Ulishika joto nusu saa, kisha soksi ya pili. Tulipokezana hivyo hadi saa sita, meno yakigongana.

Alfajiri nikazipanga picha thelathini na nane juu ya nyingine kwenye kompyuta. Likatokea doa la duara, ukingo wa upande mmoja umekolea kidogo. Kibete chenyewe ni nukta, joto lake zaidi ya nyuzi 90,000, na hakikai katikati. Gesi imekutana na gesi nyingine iliyotapakaa kati ya nyota, ikapunguza mwendo, nyota haikupunguza. Ndiye yule mwanafunzi wa mlangoni. Wapimaji wanakadiria nyota ilipita katikati miaka 45,000 iliyopita.

Ami akainama na kikombe chake cha chai.

"Liko wapi?"

Nikamwonyesha kwa kidole. Akavuta pindo la shuka lake, akaisugua skrini mara mbili, akatazama tena.

"Halitoki," akasema.