Mzee Magnus na keki ya mwaka mpya

Juzi usiku nimemaliza kitabu cha nane, ambacho ndicho cha mwisho, katika riwaya za upelelezi za Ann Cleeves kuhusu visiwa vya Shetland, kaskazini mwa Scotland. Lakini moyo wangu umebaki kwenye kile cha kwanza, Raven Black cha mwaka 2006.

Mzee Magnus Tait anaishi peke yake. Usiku wa mwaka mpya ameandaa wiski na keki, anasubiri mtu yeyote abishe hodi. Wanaobisha ni wasichana wawili wa shule. Siku chache baadaye mmoja wao anakutwa amekufa kwenye theluji, kunguru wamemzunguka, na vidole vyote vinamwelekea mzee. Hapo nilikiweka kitabu pembeni kwanza. Iliniuma kweli.

Visiwani huna pa kujificha. Meli kutoka Aberdeen, bara kule Scotland, hukesha baharini ndipo ifike Lerwick, mji mkuu wa visiwa hivyo, kwa hiyo muuaji huenda ni jirani unayemsalimia kila asubuhi. Mpelelezi mwenyewe, Jimmy Perez, ni mzaliwa wa Fair Isle, kisiwa kimojawapo cha Shetland, na jina lake la Kihispania linahusishwa na El Gran Grifón, meli ya kikosi cha vita cha Hispania iliyovunjikia hapo mwaka 1588. Cleeves anapajua: miaka ya 1970 alikuwa mpishi kwenye kituo cha kuangalia ndege hukohuko. Ndiyo maana upepo wake unausikia hadi shingoni.

Anza na hicho cha kwanza, tafadhali. Ukifika kwenye ile keki, niandikie.