Nilivyotoa mafuta ya mgando kichwani kwa sabuni ya vyombo

Kila nikitaja kuosha nywele kwa sabuni ya vyombo, hakosi mtu wa kuniambia nitanyonyoka. Sijanyonyoka. Naitumia kwa kazi moja tu, mafuta ya mgando yaliyogandamana na kuishinda shampuu, halafu sabuni inarudi jikoni. Anayeitumia kila wiki nywele zitamkauka kama katani na kukatikia kwenye chanuo, asije kunilaumu.

Ushauri wa hovyo kuliko wote ni ule wa "lowanisha kichwa kwanza". Mgando na maji havipatani: maji yanateleza juu, yanaondoka na sabuni, nywele zinabaki zinanata vilevile. Mimi naanza na kichwa kikavu. Nagawa mafungu manne, napaka mafuta ya kula au ya nazi, kijiko kimoja cha chakula kwa kichwa kizima, nasugua kwa vidole mpaka mgando ulegee, dakika kumi hivi. Mafuta huyeyushwa na mafuta mwenzake. Ndipo sabuni: kijiko kimoja cha chai, bila maji, naipitisha kwenye nywele tu, ngozi siigusi. Kisha maji ya vuguvugu kwa kiganja, kidogo kidogo. Yakianza kutiririka meupe, mafuta yameachia. Mara ya kwanza mapovu hayatoki, usihangaike kumimina zaidi. Suuza, rudia na nusu kijiko, utayaona.

Ngozi ya kichwa naiosha na iliyozimuliwa, kijiko cha chai kwenye robo lita ya maji. Macho fumba, inawasha kuliko shampuu. Watoto waacheni kabisa.

Kuna wale wa "tumia sabuni ya mche, ndiyo ya asili". Hao hawajaoga maji ya kisima cha Dar. Maji magumu yakikutana na sabuni ya mche yanaacha utando mweupe unaong'ang'ania kila unywele. Sabuni ya vyombo haiachi utando huo.

Ila si kila sabuni ya maji. Zile za kupimiwa mtaani hutengenezwa kwa asidi ya salfoniki, ambayo ndiyo msingi wa sabuni, na soda eshi, unga wa kupoza ukali wa asidi hiyo, na uzito wake aghalabu ni chumvi, kwa hiyo nzito haina maana kwamba ni kali wala bora. Fundi akizidisha soda, kichwa kitawaka moto. Nanunua ya kiwandani, ya bei ya chini. Chupa ndogo inakaa miezi.

Mwisho siki, kijiko cha chakula kwenye lita ya maji, namwagia na kusuuza. Halafu kondishena bila ubahili, nachana kuanzia nchani. Nywele za rangi zitapauka, na anayetaka kuweka dawa ya kulainisha nywele wiki hiyo asithubutu: ngozi iliyoondolewa mafuta yake huungua upesi.