Kijani cha Kazuo Oga

Jana usiku mwanangu alilala filamu haijafika hata nusu, mimi nikabaki macho. "My Neighbor Totoro", ile katuni ya Kijapani ya 1988. Nimeitazama sijui mara ngapi, ila jana hadithi sikuifuata kabisa. Kila dakika nasimamisha picha nitazame kilicho nyuma ya wahusika. Majani. Tope la mashamba ya mpunga. Na ule mwanga wa jioni, jamani!

Aliyesimamia mandhari hayo ni Kazuo Oga, mzaliwa wa Akita, Japani, 1952. Kabla ya hapo alisimamia sanaa ya katuni "Barefoot Gen" (1983), inayohusu bomu la Hiroshima. Yaani mkono uliochora mji ukiteketea ndio huohuo ulioupamba ule mti mkubwa wa kafuri anakoishi Totoro. Na si kompyuta: brashi na rangi juu ya karatasi, kisha wahusika waliochorwa kwenye plastiki angavu wanawekwa juu, inapigwa picha moja baada ya nyingine. Mwaka 1991 akasimamia sanaa ya "Only Yesterday", mashamba ya Yamagata, hukohuko Japani.

Mimi nachora mabango ya saluni, najua kijani kinavyosumbua. Kwenye kichaka kimoja nilihesabu vijani saba, simu ikaisha chaji.