Kopo la majani ya chai

Miaka miwili nilimdanganya mume wangu bei ya nyanya. Kila asubuhi aliacha 10,000 ya kodi ya meza, nami nabana, napika kwa 9,500, na ile sarafu ya 500 inaingia kwenye kopo la majani ya chai nililolificha nyuma ya mfuko wa mchele. Nilikuwa natafuta hela ya miwani.

Mume wangu si mchoyo. Shida ilikuwa kwangu. Kabla ya mapacha nilikuwa fundi cherehani na hela yangu nilishika mwenyewe. Nilipoacha kazi kuwalea, taratibu nikaanza kujiona mtu wa kulishwa tu. Kutunga uzi kwenye sindano kulinishinda, madaftari ya watoto nayasoma kwa kuyasogeza mbali, lakini kila nikitaka kusema, moyo unaniuliza: wewe unaingiza nini humu ndani? Nanyamaza. Kisha namnunia kwa kuwa haoni shida yangu!

Jumapili moja akawa anafukuza panya stoo. Kopo likaanguka, sarafu zikatawanyika sakafuni. Hakufoka. Aliziokota, akazipanga mezani mafungu mafungu, halafu akaniuliza kwa sauti ya chini, "Mke wangu, unajiandaa kuondoka?"

Swali lile liliniumiza kuliko matusi. Kumbe jioni hupitia sokoni Ilala, bei ya nyanya alikuwa anaijua siku zote. Alijua namdanganya, asijue kwa nini, na tangu hapo akaacha kunisimulia mambo yake ya kazini. Mimi nilidhani amenichoka.

Nilimweleza yote siku ile, nikilia. Lakini kueleza mara moja hakukuniponya. Kilichonisaidia zaidi ni mwanasheria niliyemsikia redioni akizungumzia kesi ya Bi Hawa Mohamed na Ally Sefu. Mwaka 1983 Mahakama ya Rufani ya Tanzania ilisema kazi za mke nyumbani ni mchango katika mali ya ndoa. Sikuwa na mpango wa kudai talaka, Mungu aepushe. Ila niliacha ufagio nikakaa chini. Majaji wamehesabu kazi hii ninayoifanya, mbona mimi sijawahi kuihesabu?

Nikaanza kujifunza kuomba. Zamani nilisema, "Kama unayo, kama huna basi, wala si lazima," nikishajikatalia kabla hajajibu. Safari hii nikasema, "Mume wangu, macho yananisumbua, naomba hela ya miwani." Akajibu mwezi ule kuna ada, tusubiri ujao. Hapo ndipo palipokuwa pagumu kwangu. Ilinibidi nisikie "subiri" kama habari ya hela, nisiisikie kama hukumu juu ya thamani yangu. Usiku ule sikulala vizuri. Asubuhi nikampikia chai bila kununa, na hilo kwangu lilikuwa jambo kubwa.

Mwezi uliofuata tulikwenda pamoja kupima macho, tukajazia na hela ya kopo. Jioni nikakaa na suruali yake iliyofumuka pindo, nikatunga uzi mara moja. Alikuwa ananitazama. Akasogeza kiti, akaniambia kwamba kazini wamemkata posho ya saa za ziada tangu Ramadhani, na alikuwa anaona aibu kuniambia.

Nikaiweka sindano chini, nikamsikiliza mpaka wali ukapoa.