Borobudur kwa siku moja, na ngalawa iliyochongwa ukutani

Kama una siku moja tu Yogyakarta, kule Java, Indonesia, basi hela yako iende Borobudur, lile hekalu kubwa la mawe la Wabuddha, na kama mfuko unaruhusu kodi gari na mwongozaji wako mwenyewe, achana na basi la watu wengi. Naanza na hilo kwa sababu tangu turudi ndugu na marafiki wananiuliza sana, si bora kwenda kwa bei chee, kwani jiwe si jiwe tu? Siyo jiwe tu jamani. Kuta zile zimejaa hadithi zilizochongwa mwanzo mpaka mwisho na kama hamna mtu wa kukusomea taratibu utapita palepale penye utamu wenyewe huku unakimbilia juu kupiga selfi.

Nilikuwa na mama mdogo, mtu wa Tanga, mtoto wa mvuvi, magoti yake siku hizi hayapendi ngazi kwa hiyo kuwa na gari letu ilikuwa lazima. Mwongozaji alitufuata hotelini saa tisa na nusu usiku, mzee wa makamo wa kulekule upande wa Magelang, kavaa shati la batiki limepigwa pasi mpaka linang'aa. Tukamwita Pak kama wao wanavyowaita watu wazima, na yeye akamwita mama mdogo Ibu, yaani mama, toka dakika ya kwanza, akamfungulia mlango, akamwekea kamto mgongoni, hapo moyo wangu ukatulia kabisa.

Kutoka Yogyakarta ni kilomita kama 40 hivi kuelekea kaskazini magharibi, usiku barabara nyeupe. Njiani tukasimama kwenye kamsikiti kadogo tukaswali Alfajiri, maana Pak naye Muislamu, kama walivyo watu wengi wa Java. Mama mdogo akamuuliza waziwazi, mwanangu hujisikii vibaya kila siku kuwaelezea watu mambo ya Wabuddha? Pak akasema hapana Ibu, waliojenga ni babu zetu, dini ilibadilika lakini babu habadiliki. Mama mdogo akaitikia kwa kichwa, na mimi mpaka leo nalikumbuka lile jibu.

Alfajiri tukawa Punthuk Setumbu, kilima ambacho watu hupanda kuangalia jua linachomoza. Mama mdogo alibaki chini na chai ya tangawizi, mimi na Pak tukapanda. Sitaandika sana hapa maana picha za pale zimejaa kila mahali, ila ukungu unalala bondeni, mbele yako kuna milima ya volkano, Merapi na Merbabu, na katikati ya ule ukungu unaona kilele cheusi kidogo kimechomoza juu ya miti, ndio Borobudur yenyewe.

Sasa twende kwenye mnara, yaani Borobudur yenyewe.

Getini wanakupa kandambili za kusuka, wanaziita upanat, zimesukwa na wanavijiji wa pale kwa majani ya jamii ya mkadi, unavaa hizo na viatu vyako unaviweka kwenye mfuko. Sababu ni kwamba mawe ya ngazi yalikuwa yanalika kwa viatu vya watu, ukiangalia baadhi ya vidato unaona kabisa vimebonyea katikati. Ndio maana pia tulipokwenda waliopandishwa juu walikuwa watu 1,200 tu kwa siku, kwa makundi yenye saa zake na mwongozaji. Sisi wageni wa nje tulilipa rupia 455,000 kila mtu, iko kwenye dola 30 hivi. Mimi naunga mkono asilimia mia, kitu cha karne ya 8 na 9 hakiwezi kukanyagwa na maelfu ya watu kila siku kikabaki.

Pak hakutupandisha ngazi. Alituzungusha kwanza kwenye kona ya kusini mashariki, chini kabisa, ambako hakuna mtu hata mmoja. Pale kuna sehemu mawe yametolewa na ndani yake unaona ukuta mwingine. Yani Borobudur ina mguu uliofichwa! Waliojenga, enzi za wafalme wa Sailendra, walichonga picha 160 kuzunguka kitako chote halafu wakaja kuzifunika kwa mawe, na maelezo yanayokubalika zaidi ni kwamba jengo lilianza kuteleza wakaona walikaze. Zikalala humo mpaka 1885 zilipogunduliwa, ukuta ukafunguliwa kipande kwa kipande, na Mjava mmoja, Kassian Cephas, akazipiga picha zote mwaka 1890 na 1891, halafu zikafunikwa tena, na hiyo kona ikaja kufunguliwa baadaye. Zinaonyesha watu na matendo yao na malipo yake, wasengenyaji, walevi, watu waliokunjamana sura. Na juu ya baadhi ya picha kuna maandishi madogo ya kumwelekeza mchongaji achonge nini. Hayo maandishi yalinigusa kuliko hata ukubwa wa jengo, maana ni sauti ya msimamizi na fundi wake kazini, miaka elfu na mia mbili iliyopita.

Hebu fikiria muda huo kwetu kulikuwaje. Karne ileile ya 8 watu wa Shanga, kisiwani Pate, walikuwa na msikiti wao mdogo wa miti. Huku Java wanapandisha mawe yapatayo milioni 2, bila saruji wala chokaa, jiwe limekatwa lishikane na mwenzake. Na pande zote mbili ni watu wa bahari ileile moja.

Tukapanda kwa ngazi ya mashariki maana hadithi zinaanzia upande huo, na unatembea mnara ukiwa mkono wako wa kulia. Mama mdogo akasema yeye anaishia korido ya kwanza, Pak akasema vizuri, basi hapo tutakaa sana. Ukuta ule una safu mbili. Ya juu ni maisha ya Buddha, inaanza kabla hajazaliwa, malkia Maya amelala na tembo anamjia ndotoni, inakwenda picha 120 mpaka anapotoa mahubiri ya kwanza. Safu ya chini ni hadithi za wema wa zamani, za wafalme, wanyama na wasafiri. Watu wa makundi mengine walikuwa wanatupita spidi, tunasikia tu haya twendeni twendeni muda unakwisha, na sisi tumesimama.

Tukakata kona, Pak akasimama, akamwambia mama mdogo, Ibu angalia hii kisha uniambie unaona nini.

Ni meli. Imechongwa kwa kina kiasi kwamba jua la asubuhi linaipigia kivuli kila kamba. Nguzo za matanga siyo mlingoti mmoja mmoja, ni miti imeunganishwa juu imetanuka chini, tanga la pembe nne limeinamia upande, mabaharia wamening'inia kwenye kamba wanavuta, na mawimbi yamejikunja chini yake. Halafu pembeni ya meli, limejitokeza kabisa kwenye jiwe, kuna magogo yamefungwa kwa miti ya kukingama ili chombo kisipinduke. Mama mdogo alinyamaza kidogo kisha akasema, mwanangu, haya si matengo haya? Hii si ngalawa hii?

Akaanza kumweleza Pak kwa mikono, mimi natafsiri Kiingereza lakini kusema kweli hawakunihitaji, mama mdogo anaonyesha jinsi babu alivyokuwa anafunga kamba kwenye mrengu, jinsi tengo moja linavyozama na jingine linanyanyuka upepo ukikaza, na Pak anacheka kwa furaha anasema ndiyo ndiyo, huku kwetu visiwani wanafunga hivyohivyo mpaka leo. Na siyo kubahatisha, wataalamu wengi wanaona chombo chenye matengo kwenye pwani yetu kina asili ya mabaharia wa huku Indonesia, hawahawa ambao ndugu zao walikwenda kukaa Madagaska, ndio maana Kimalagasi mpaka leo ndugu yake wa karibu kabisa ni lugha inayosemwa kusini mwa Borneo. Nilikuwa nalijua hilo kwa kusoma. Kuliona kwenye jiwe pembeni ya mtu aliyelelewa kwa samaki wa ngalawa ni habari nyingine kabisa, nilisisimkwa mwili mzima.

Juu nilipanda mwenyewe na mwongozaji wa kundi lililokuwa linafuata, Pak akabaki na mama mdogo. Ukiingia kule michongo inakatika ghafla, hakuna kuta wala hadithi, ni duara tatu zenye stupa 72, yaani vijumba vya mawe vyenye umbo la kengele, zilizotobolewatobolewa na ndani ya kila moja sanamu ya Buddha, halafu katikati stupa kubwa imefungwa haina tundu. Upepo, milima pande zote. Sanamu zilikuwa 504 jumla lakini zaidi ya 300 zimeharibika, nyingi hazina vichwa, na hilo liliniuma. Mwaka 1896 wakoloni wa Kiholanzi walimruhusu mfalme wa Siam, Thailand ya leo, aondoke na mikokoteni minane ya michongo, na vichwa vingine viko kwenye makumbusho Ulaya. Sisi tunaotoka Afrika hatuhitaji kuelezewa mara mbili hadithi ya namna hiyo. Januari 1985 tena kuna waliotega mabomu, stupa 9 zikaharibika. Mwaka 2010 Merapi ilipolipuka majivu yakafunika mnara wote, Pak anasema watu walisafisha kwa mikono, na yeye alikuwemo.

Halafu kuna lile tengenezo kubwa la 1975 mpaka 1982, serikali ya Indonesia na UNESCO, zile tabaka za mraba zikafumuliwa jiwe kwa jiwe, yakasafishwa, mifereji ya maji ikawekwa ndani, yote yakarudishwa mahali pake. Maana adui mkubwa wa Borobudur ni maji, imejengwa juu ya kilima cha udongo na mvua ya Java siyo ya mchezo. Ukiona zile pembe zenye midomo ya wanyama ujue siyo urembo, ni za kutemea maji ya mvua.

Tuliposhuka Pak akatupeleka kwenye jumba la meli ndani ya bustani ileile, na hapa ndipo nasema mwongozaji wako mwenyewe ana thamani, maana alibadilisha ratiba kwa ajili ya mama mdogo peke yake. Mle ndani iko Samudra Raksa, meli nzima ya mbao iliyoundwa kwa kufuata ule mchongo. Muingereza Philip Beale aliona picha ile ukutani mwaka 1982 akapata wazo, miaka mingi baadaye mafundi wa kisiwa cha Pagerungan Kecil wakaiunda, na Agosti 2003 ikatoka Jakarta, ikapita Shelisheli, Madagaska na Cape Town, ikafika Accra Ghana Februari 2004. Ina matengo yake pande zote mbili. Mama mdogo aliizunguka taratibu, akaangalia mafundo ya kamba moja moja, akasema fundi huyu anajua kazi ila hapa nyuma angekaza zaidi.

Chakula cha mchana tulikula gudeg, fenesi changa limepikwa kwa nazi na sukari mpaka limekuwa rangi ya kahawia, tamu sana kwa sisi tuliozoea nazi na chumvi lakini mama mdogo alimaliza sahani. Jioni kidogo tukapita hekalu la Mendut, dogo, ila ndani amekaa Buddha wa jiwe wa mita 3 hivi, na kutoka hapo ndipo maandamano ya sikukuu ya Wabuddha ya Vesak yanaanzia kila mwaka kwenda Borobudur.

Mkitaka kwenda, tiketi za kupanda juu nunueni mapema kwenye mtandao maana nafasi ni chache na zinaisha, na tulipokwenda sisi Jumatatu walikuwa hawapandishi watu. Mwambieni mwongozaji mapema kwamba mnataka kuanza na ile kona ya kusini mashariki na mnataka korido ya kwanza kwa utulivu, akikwambia muda hautoshi tafuta mwingine. Na kama mna mzee wa pwani nyumbani ambaye bado anasafiri, nendeni naye.